Kupanua Ramani ya Mchezo wa Kuratibu Miito ya Dharura: Dalili, Visababishi na Marekebisho

Mchezo wa kuratibu miito ya dharura humkalisha mchezaji kwenye kiti cha mpokea simu. Wito unaingia, mahali panatajwa, na yeye ndiye anayeamua gari la wagonjwa, la zimamoto au la doria litoke kituo gani. Mchezo wa 911 Operator, uliotoka mwaka 2017, ulimwezesha mchezaji kupakua mji halisi kutoka kwenye data ya OpenStreetMap, ramani huria ya dunia inayochorwa na watu wa kujitolea, na kuusimamia kana kwamba ni wake. Anayeonja uwezo huo haridhiki kwa muda mrefu: akimaliza mji hutaka vitongoji vyake, na akipata vitongoji hutaka barabara kuu inayoelekea mji wa jirani. Hapo ndipo matatizo huanza.

Kabla ya kuingia kwenye dalili zenyewe, ni muhimu kuelewa kwamba ramani ya mchezo wa aina hii kwa kweli ni ramani mbili zilizolaliana. Ya kwanza ni ile inayotazamwa, yaani majengo, maji, rangi za barabara na majina. Ya pili ni ile inayopitika, yaani mtandao wa nodi (nukta zenye mahali pake kwenye ramani) na vipande vya njia vinavyoziunganisha, ambao mchezaji hauoni lakini ndio pekee ambao gari linausoma linapotafuta njia. Ramani ya kwanza inaweza kuwa safi kabisa huku ya pili ikiwa imekatika mahali kumi. Kwa uzoefu wangu, anayepanua ramani hutumia saa nyingi akirekebisha ile anayoiona, ilhali ugonjwa uko kwenye ile asiyoiona.

Kabla ya kugusa chochote, nakili folda nzima ya ramani ya zamani pamoja na folda ya michezo iliyohifadhiwa, na uziweke nje ya folda ya mchezo. Kisha fanya badiliko moja tu kwa wakati na ulijaribu kabla ya kuendelea. Katika kila dalili hapa chini nimetanguliza kisababishi ninachokikuta mara nyingi zaidi.

Ramani mpya haionekani kwenye orodha

Mara nyingi kosa ni folda iliyo ndani ya folda nyingine yenye jina lilelile, jambo linalotokea faili lililobanwa linapofunguliwa. Mchezo hutazama ngazi ya kwanza, haukuti faili la maelezo, na unaipita ramani bila kusema neno. Toa folda ya ndani, iweke mahali pake, kisha ufunge mchezo kabisa na kuuwasha upya, kwa kuwa michezo mingi husoma orodha ya ramani wakati wa kuwaka tu.

Ikiwa bado haionekani, linganisha toleo la mchezo lililotajwa kwenye ramani na toleo ulilonalo. Baada ya hapo fungua faili la maelezo kwa programu ya maandishi ya kawaida na ulitazame sambamba na la ramani inayofanya kazi. Koma moja iliyosahaulika au alama ya kunukuu isiyofungwa inatosha kulifanya faili zima lisisomeke.

Simama hapo hapo ikiwa ramani uliyopakua inakutaka uendeshe programu kwa mamlaka ya msimamizi wa kompyuta au uzime kinga ya virusi. Ramani ni data tu, wala haihitaji ruhusa hizo. Ifute.

Upakuaji wa eneo kubwa unakatika katikati

Kisababishi cha kawaida ni ukubwa wa eneo lenyewe. Seva kuu ya uhariri ya OpenStreetMap hukataa ombi la eneo linalozidi digrii za mraba 0.25 au lenye nodi zaidi ya 50,000, na mji wenye mitaa mingi unaweza kufikia idadi hiyo ya nodi ukiwa bado mdogo kwa eneo. Huduma ya Overpass, inayotumika kuchota data ya OpenStreetMap bila kuihariri, hupokea maombi makubwa zaidi, lakini ombi lisilotaja muda wala ukubwa hupewa sekunde 180 na kumbukumbu ya mebibaiti 512, na likivuka hapo hukatwa. Jibu lenye namba 429 halimaanishi kwamba intaneti yako ni mbovu. Linamaanisha kwamba umeomba mara nyingi mno na unapaswa kusubiri.

Suluhisho la haraka ambalo wengi hulikimbilia ni kugawa eneo katika miraba na kupakua mraba mmoja mmoja. Njia hiyo hufanya kazi, lakini ndiyo inayozaa dalili inayofuata. Njia iliyo bora ni kuchukua faili lililoandaliwa la mkoa au nchi nzima, kama yale yanayotolewa na Geofabrik, kisha kukata eneo lako kwa programu ya osmium. Katika ukataji huo usitumie mbinu inayoitwa simple, kwa sababu huacha barabara zinazovuka mpaka zikiwa na nodi pungufu. Tumia complete_ways, ambayo huhifadhi kila barabara iliyogusa eneo lako pamoja na nodi zake zote.

Usipakue kwa wingi picha za ramani kutoka seva ya picha ya OpenStreetMap ili kupamba ramani yako. Masharti ya matumizi ya seva hiyo yanakataza jambo hilo, na seva inagharimiwa na michango kwa manufaa ya kila mtu.

Magari hayaingii eneo jipya, au yanazunguka mbali kupita kiasi

Hii ndiyo dalili inayolalamikiwa kuliko zote, nayo inastahili subira. Anza na kipimo kimoja rahisi: simamisha wakati ndani ya mchezo, chagua gari lililo upande wa zamani, na ulielekeze kwenye barabara kuu iliyo mita chache tu ng'ambo ya mpaka. Rudia hivyo kwa kila barabara inayovuka mpaka. Ukikuta baadhi zinapitika na nyingine hazipitiki, tatizo liko kwenye maungio. Ukikuta hakuna hata moja inayopitika, basi eneo zima jipya ni kisiwa, yaani halijaungana kabisa na mtandao wa zamani.

Kisababishi cha kwanza ni maungio yasiyoungana. Katika data ya OpenStreetMap barabara mbili zimeungana pale tu zinapotumia nodi ileile, yenye namba ileile. Haitoshi nodi mbili kuwa karibu, wala haitoshi kuwa mahali pamoja kabisa. Kipande cha zamani kilipoingizwa kwenye mchezo kilipewa namba zake za ndani, na kipande kipya kimepewa zake, hivyo nodi iliyokuwa moja sasa ni mbili zisizojuana. Niliwahi kupanua ramani kuelekea kaskazini na kushuhudia magari matatu ya zimamoto yakifika mpakani, yakigeuza, na kurudi kusini kutafuta daraja lililokuwa kilomita nyingi nyuma. Kwa macho ya kawaida barabara ilikuwa imenyooka bila dosari. Nilipoivuta karibu kwenye kihariri cha ramani hadi upana wake ukajaza nusu ya kioo, nikaona vidoti viwili vilivyokaribiana, na katikati yao pengo lisilofika sentimita 30. Kwa mtazamaji pengo hilo si kitu, lakini kwa gari ni ukuta.

Marekebisho ya uhakika ni kutojaribu kuunga kabisa: kata eneo lote, la zamani na jipya, kwa pamoja kutoka faili moja, na ulijenge upya kama ramani moja. Ikiwa huwezi, kwa sababu ramani ya zamani ina vituo na marekebisho ya mkono ambayo hutaki kuyapoteza, tumia kihariri kuunganisha nodi zilizo ndani ya umbali mdogo, nami nashauri usizidi mita 1. Ukiweka mita 10 ili kumaliza kazi haraka, utaunganisha barabara kuu na njia ya pembeni inayokwenda sambamba nayo, na utakuwa umezalisha hitilafu mpya iliyo ngumu kuiona kuliko ile ya kwanza.

Kisababishi cha pili ni mpaka uliokatwa kwa kubana. Kuna mitaa ambayo njia yake pekee ya kuingilia hutoka nje ya mstari wako, hupinda, na kurudi ndani. Ukikata kwenye mstari wenyewe, mitaa hiyo hubaki ikielea. Pakua eneo lenye ukanda wa ziada wa kilomita 1 au 2 kila upande, uache barabara za ukanda huo zipitike, na uzuie miito tu isitokee huko.

Kisababishi cha tatu ni lebo za barabara, yaani maelezo yaliyoambatishwa kwa kila barabara kwenye data. Barabara ya upande mmoja iliyochorwa kinyume hulilazimisha gari kuzunguka, na geti lililoandikwa kuwa la binafsi linaweza kulifungia gari la wagonjwa nje ya mtaa mzima. Tazama kwanza kama mchezo wako huyaruhusu magari ya dharura kupuuza vizuizi hivyo, maana kila mchezo una kanuni zake. Ukibaini kwamba lebo haifanani na hali halisi ya mahali penyewe, kuisahihisha kwenye OpenStreetMap ni mchango mwema. Ukibaini kwamba lebo ni sahihi ila inakusumbua katika mchezo, irekebishe kwenye nakala yako tu. Kubadilisha ramani ya umma ili gari la mchezoni lipite ni kosa zito, kwa kuwa watu halisi huongozwa na data hiyo.

Kisababishi cha nne hakitokei mara nyingi, lakini kikitokea hushangaza: gari liko juu ya daraja, kisha ghafla linaendelea kwenye barabara iliyo chini yake. Barabara mbili zinazopishana bila nodi ya pamoja hazijaungana, na daraja hubeba lebo yake ya tabaka kuonyesha hivyo. Programu ya kubadilisha data inayoweka njia panda kila mistari inapokutana huifuta tofauti hiyo. Zima chaguo hilo na ubadilishe data upya. Usijaribu kurekebisha madaraja moja baada ya jingine kwa mkono, kwa sababu utayasahau yale ya waenda kwa miguu.

Miito inatokea ziwani, porini au ndani ya uzio usiofikika

Mara nyingi mchezo unachagua nukta yoyote ndani ya mstatili wa ramani. Mji ukiwa mdogo kosa hilo halionekani, kwa kuwa karibu kila nukta iko jirani na barabara. Ukipanua hadi kwenye mashamba na maji, linajitokeza. Tafuta mpangilio unaofunga miito kwenye barabara au majengo, au uchore eneo la miito kwa mkono likifuata makazi.

Kisababishi cha pili ni wito kushikamana na njia iliyo karibu zaidi ambayo ni ya kisiwa, kwa mfano kijia cha bustani kisichoungana na mtaa. Rudi kwenye kipimo cha maungio hapo juu. Njia ya kudumu ni kuendesha ukaguzi wa mtandao: anza na nodi moja iliyo kwenye barabara kuu, weka alama kila nodi inayofikika kutoka hapo, kisha ufute au uunganishe zisizo na alama. Pale penye barabara za upande mmoja, kagua pia kurudi, kwa sababu gari linaweza kufika mahali na lisiweze kutoka.

Eneo jipya limehamia pengine, au limevutwa

Ikiwa limeangukia bara jingine, longitudo na latitudo zimebadilishana nafasi. Faili la GeoJSON, muundo mmoja wa kuhifadhi data ya ramani, hutanguliza longitudo, wakati huduma nyingi za ramani humwonyesha mtumiaji latitudo kwanza. Ikiwa limeangukia baharini jirani na mahali ikweta inapokutana na longitudo 0, kuna viwianishi ambavyo havikusomeka na vikahesabiwa kuwa sifuri.

Hali ngumu zaidi ni pale ramani inapokaa mahali pake lakini magari yanachelewa bila sababu. Ramani nyingi za mtandaoni hutumia makadirio ya Mercator, njia ya kuilaza dunia ya mviringo kwenye ramani bapa, ambayo hurefusha umbali kadiri unavyoondoka ikweta. Kwenye latitudo ya digrii 60 mita moja huhesabiwa kama mbili. Mchezo ukichukua vipimo hivyo kana kwamba ni mita halisi, safari ya dakika 5 inakuwa ya dakika 10, na hakuna gari la kasi litakaloiponya. Badilisha data kwenda mita za mahali husika kabla ya kuiingiza.

Mara chache utaona barabara zikiwa na meno kama ya msumeno. Hapo viwianishi vimehifadhiwa kwa namba za desimali za biti 32, ambazo hubeba takriban tarakimu 7 tu. Longitudo inapozidi digrii 128, hatua ndogo kabisa inayowezekana kwa namba hizo ni takriban mita 1.7 kwenye ikweta. Toa kwanza kiwianishi cha katikati ya ramani kutoka kwa kila nodi, ndipo uhifadhi tofauti inayobaki.

Mchezo unakuwa mzito, unaganda au unazimika

Anza na yaliyo rahisi: funga programu nyingine, tazama kumbukumbu inayotumika, na uondoe majengo kwenye ramani kwa majaribio. Ikiwa mchezo unachangamka, mzigo ulikuwa kwenye ramani inayotazamwa, na kupunguza majengo ya pembezoni kutatosha.

Ikiwa mchezo unaganda kwa sekunde chache kila wito mpya unapoingia kisha unaendelea vizuri, usilaumu kadi ya michoro. Kinachotokea ni utafutaji wa njia. Mbinu ya Dijkstra, iliyochapishwa mwaka 1959, huenea kutoka mwanzo kama duara la maji, na umbali ukiongezeka mara 2, eneo la kupekuliwa huongezeka takriban mara 4. Mbinu zinazoelekeza upekuzi upande wa mwisho wa safari hupunguza kazi hiyo, lakini zote zina udhaifu mmoja: mwisho wa safari usipofikika, hupekua kila nodi inayofikika kabla ya kukata tamaa. Wito mmoja uliokaa kwenye kisiwa, ukiulizwa na magari 30, unaweza kuugandisha mchezo wote. Kwa hiyo kagua maungio kabla ya kununua kumbukumbu ya ziada. Nimeona watu wakiongeza vifaa vya gharama ilhali dawa ilikuwa kufuta vijia vya bustani.

Baada ya hapo, ondoa njia za miguu na za mashambani ambazo gari halizipiti, na uunganishe vipande vya barabara vinavyofuatana visivyo na njia panda kati yao.

Simama na umwite fundi ikiwa kompyuta yote inazimika ghafla wakati wa mchezo, ikiwa inatoa joto lisilo la kawaida au harufu ya kuungua, au ikiwa mafaili ya ramani yanaharibika tena na tena hata baada ya kuyapakua upya. Dalili mbili za kwanza ni za ubaridishaji au umeme, na ya tatu inaweza kuwa diski inayokufa. Katika hali ya diski, nakili kwanza yaliyo muhimu na uache kuandika chochote kipya humo.

Ramani inafanya kazi, lakini kila wito unachelewa

Hapa huenda hakuna kilichoharibika. Ramani ya kilomita 10 kwa 10 ina kilomita za mraba 100. Ukiipanua iwe 20 kwa 20 inakuwa 400, na vituo vilevile vinne sasa vinahudumia eneo mara nne. Gari linalokwenda kilomita 60 kwa saa hupita kilomita 1 kwa dakika, na mchezo ukidai lifike ndani ya dakika 8, haliwezi kuhudumia zaidi ya kilomita 8 za barabara, ambazo kwa mstari ulionyooka ni pungufu ya hapo. Chora duara hilo kuzunguka kila kituo. Palipobaki wazi ndipo panapohitaji kituo kipya au muda mrefu zaidi katika mipangilio.

Hakikisha pia kwamba barabara zisizo na lebo ya kasi hazijapewa kasi ya chini na mchezo. Maeneo ya nje ya mji mara nyingi hukosa lebo hiyo, na barabara kuu inaweza kuhesabiwa kama uchochoro.

Mchezo uliohifadhiwa hauoani tena na ramani

Vituo vimehamia kwenye makutano mengine, au magari yamepotea. Mchezo ulihifadhi namba za nodi za zamani, na ujenzi mpya umezipanga upya. Rudisha nakala ya ramani ya zamani, maliza zamu zilizo wazi, yarudishe magari yote vituoni, hifadhi, kisha uweke ramani mpya. Ikishindikana, anza kampeni mpya. Kuhariri faili la mchezo uliohifadhiwa kwa kubahatisha huficha kosa ambalo litajitokeza zamu ya ishirini.

Ikiwa hata nakala ya zamani haifunguki kwenye ramani ya zamani, acha kuihifadhi upya juu yake. Kusanya nakala hiyo, faili la matukio la mchezo na maelezo ya badiliko la mwisho ulilofanya, uvitume kwa watengenezaji wa mchezo, na uiache folda ilivyo mpaka wajibu.